Namtafuta mzee niliyepewa jina lake, alikuwa gadi wa treni Voi–Moshi. Nimepata watatu wenye jina lilelile

Wajina_Moshi ameandika:

Habari zenu wakuu, naombeni mawazo kwa mwenye uzoefu wa kutafuta watu kwenye kumbukumbu zilizo wazi hasa za Kenya.

Mimi ni Mpare wa Moshi, nimezaliwa 1978, ila naitwa Mwakio. Tangu darasa la kwanza mwalimu mgeni akiita majina akifika kwangu anasimama, anauliza wewe Mtaita? Nasema hapana, Mpare, na Mwakio umeitoa wapi? Nasema ya rafiki wa baba. Nimejibu hivyo maisha yangu yote na huyo rafiki wa baba sijawahi kumwona kwa macho.

Baba alifanya kazi East African Railways, kituo cha Kahe, pale reli ya Tanga inapokutana na ile inayotoka Voi. Rafiki yake alikuwa gadi kwenye treni ya Voi, Mtaita, na treni ikilala Moshi yeye alikuwa analala kwetu, mama anasema alikuwa na bakuli lake kabisa pale nyumbani hakuna mwingine anaruhusiwa kulitumia. 1977 Jumuiya ikavunjika, mwezi wa pili mpaka ukafungwa, reli ikagawanywa kila nchi na shirika lake, Mtaita akabaki kwao na baba akabaki kwetu. Mwaka uliofuata nikazaliwa mimi, baba akanipa majina yake yote mawili, la ubatizo na hilo Mwakio, kisha la kwake mwenyewe. Mpaka ulipofunguliwa mwaka 83 baba alikuwa ameshahamishiwa Tabora, akaandika barua mbili hazikujibiwa, basi.

Baba amefariki mwaka jana. Kwenye sanduku lake la bati nimekuta barua moja ya huyo mzee ya 1976, amesaini majina yake matatu kamili, na picha ya wawili hao wamesimama kando ya behewa, nyuma imeandikwa maneno kwa kalamu. Nataka nimpate, au niwapate watoto wake, niwaambie kwamba rafiki yake ameondoka na kwamba jina lake liko huku linatembea.

Nimekaa wiki tatu usiku nasachi. Kwenye Kenya Gazette (gazeti la serikali la matangazo) na kwenye tovuti ya Kenya Law yenye hukumu za mahakama nimekuta majina matatu kamili yanayofanana herufi kwa herufi:

Wa kwanza ni marehemu, tangazo la mirathi, alikuwa mkazi wa Wundanyi, amefariki 1996, aliyeomba ni mjane.

Wa pili ni tangazo la hati ya shamba iliyopotea, 2009, ameandikiwa S.L.P. ya Mwatate.

Wa tatu yuko kwenye hukumu ya kesi ya ardhi ya Voi, ndiye mlalamikaji.

Moyo wangu unaniambia ni huyo wa Voi maana treni ilikuwa ya Voi. Naogopa asiwe yule wa 1996. Nitajuaje? Picha na barua naweza kuziweka hapa mkitaka kuona.

---

BintiWundanyi:

Pole sana kwa kumpoteza baba. Kabla ya yote USIWEKE hiyo picha hapa, hasa upande wa nyuma, na barua pia usiiweke. Nakueleza sababu nikitulia, niko kazini.

---

Karani wa Zamani:

Mimi nilifanya kazi kwa wakili Mombasa miaka kumi na mbili, mirathi ndiyo ilikuwa meza yangu, kwa hivyo Gazette nimeisoma kila Ijumaa mpaka naota namba za matangazo. Acha nikwambie vile mimi nilikuwa naangalia.

Kwanza jina lenyewe kwa Taita ni kama mtu akuambie namtafuta Juma wa Tanga. Na jua tena kwamba watu wanarithisha majina ya babu kwa wajukuu, kwa hivyo babu na mjukuu wanaweza kuwa na majina mawili sawa kabisa, na ikiwa majina ya kwao yanazunguka, hata la tatu likalingana. Watu watatu wanaofanana herufi kwa herufi kwenye karatasi si ajabu hata kidogo. Jina ni mlango tu wa kuingilia, kazi iko kwenye yale maneno madogo yanayolizunguka.

Tangazo la mirathi linakupa vitu hivi: marehemu alikuwa mkazi wa wapi, amefia wapi na tarehe gani, aliyeomba ni nani wake (mjane, mwana, ndugu), na siku thelathini za mwenye pingamizi. Tangazo la hati iliyopotea linakupa zaidi kwa mtu aliye hai, linakupa sanduku la posta, namba ya shamba, ukubwa wake kwa hekta na wilaya, na siku sitini. Ile namba ya shamba ndiyo dhahabu. Sehemu ya mwanzo ya namba ni jina la eneo lilipopimwa, kwa hivyo ukiisoma unajua ni mlima gani, karibu kijiji gani.

Hukumu ndiyo wengi wanaikosea. Unaona jina juu kwenye kichwa cha kesi, unafurahi, unafunga. Soma YOTE. Jaji anaposimulia ushahidi anaandika shahidi wa kwanza alisema amezaliwa mwaka fulani, alifanya kazi fulani, shamba alilinunua ama alirithi kwa babu yake. Maisha ya mtu mzima yako pale ndani kwenye aya ya nne ya tano. Hukumu moja inaweza kukuthibitishia ama kukutolea mtu kwenye orodha ndani ya dakika kumi.

Na ukisachi usisachi kwa mpangilio mmoja. Weka la ukoo mbele, weka herufi ya kwanza tu ya jina la ubatizo, na matoleo ya zamani yamepigwa picha ndipo kompyuta ikasoma, kwa hivyo i inasomwa l, o inasomwa c, jina lako liko pale na halitokei. Kwenye karatasi za ukoloni na miaka ya mwanzo ya uhuru tafuta pia s/o, yaani mwana wa, maana wengi waliandikwa jina moja, s/o, na jina la baba.

Sasa swali kwako. Hiyo barua ya 1976 juu yake pale pembeni, ana S.L.P.?

---

Wajina_Moshi:

Karani asante sana Mungu akubariki. Barua iko nyumbani kwa mama, kijijini Gonja, mimi niko mjini, kesho ni Jumamosi napanda. Ila hukumu nimeirudia sasa hivi nikaisoma yote kama ulivyosema na nimeumia kidogo. Aya ya sita, mlalamikaji alieleza mahakama kwamba amezaliwa 1971 na shamba ni la babu yake. 1971! Baba na mzee walikuwa tayari kazini. Yaani huyu niliyekuwa na uhakika naye ndiye ametoka wa kwanza.

---

Karani wa Zamani:

Ametoka, ndiyo, lakini babu yake pia hakosi kuwa Mwakio, mweke pembeni usimtupe.

---

mtu_wa_tanga:

Kwa nini usimtafute Facebook tu mkuu, andika jina utaona watoto wake

---

Wajina_Moshi:

Nilianza huko huko. Wametokea vijana wengi, nikawaandikia kama kumi na mmoja, wengi hawakujibu, na mmoja akaniambia yeye ndiye mtoto wa mzee, mzee yuko hospitali taabani, nitume elfu nane za Kenya haraka kabla hajakata roho. Nilikaribia kutuma. Nilimuuliza mzee alifanya kazi gani akasema mwalimu. Nililia siku ile kwa kweli, si kwa ajili ya hela.

---

BintiWundanyi:

Ndio maana nilikwambia usiweke picha. Sasa nimetulia acha niandike vizuri.

Tayari hapa umesema ni gadi, umesema Kahe, umesema 1976, umesema bakuli. Yote hayo mtu mwenye nia mbaya ameshayasoma na kesho atakujia nayo. Kilichobaki ambacho hakuna anayekijua isipokuwa wewe na familia ya kweli ni maneno ya nyuma ya picha. Yatunze. Siku mtu akikwambia mimi ni mwanawe, wewe usimwambie picha imeandikwa nini, muulize kama kwao kuna picha ya mzee na Mpare, na muache aseme yeye. Picha za zamani zilikuwa zinachapwa mbili tatu, rafiki na rafiki kila mmoja anabeba yake, huenda nao wanayo.

Jambo la pili. Hawa unaowaona kwenye Gazette ni watu, wana familia, wengine wana kesi za ardhi na ndugu zao ambazo zimewatoa damu. Mtu akipigiwa simu na sauti ya mgeni inamtajia namba ya shamba lake na sanduku lake la posta atashtuka, atadhani umetumwa. Kenya tuna sheria ya kulinda data tangu 2019 na nyie kwenu mna yenu ya 2022, na hata bila sheria hebu fikiria mama yako akipigiwa hivyo. Kumbukumbu iko wazi ili mwenye pingamizi aone, haikuwekwa ili kila mtu amvamie mwenyewe. Kwa hivyo itumie kujua kijiji, ukishajua kijiji ingia kwa mlango wa watu.

Na mlango wa watu huku kwetu ni chifu na naibu wake. Familia ikienda kortini kwa mirathi inahitaji barua ya chifu inayosema marehemu alikuwa nani na ameacha nani, kwa hivyo naibu chifu anajua nyumba hata zile ambazo hazijawahi kuandikwa popote. Mlango mwingine ni kanisa. Hilo jina la ubatizo ni la Kikatoliki au la Kianglikana? Maana Sagalla wamisheni wa Kianglikana wa CMS walifika 1883 na kwa Wakatoliki kituo cha zamani ni Bura, vitabu vya ubatizo vinatunzwa parokiani. Hawatakupa kitabu ushike lakini katibu wa parokia akielewa shida yako atakuangalizia. Ukikwama kabisa kuna Mwanedu FM pale Voi, wazee wanaisikiliza kutwa, ila hiyo iache iwe ya mwisho.

---

Wajina_Moshi:

Ni la Kikatoliki kabisa, la mtakatifu ambaye Waanglikana sijasikia wakilitumia.

---

BintiWundanyi:

Basi upande wa Bura na Mwatate umepata nguvu. Yule wa pili si ana S.L.P. ya Mwatate?

---

SomoWaPemba:

Nafuatilia uzi huu tangu jana nimeshindwa kulala. Huku kwetu mtu unayechangia naye jina ni somo yako, si mtu baki, akija harusini ana nafasi yake na akifa unaenda kukaa naye. Mimi nina jina la shangazi wa baba aliyekwenda Maskati baada ya 1964, tukajaribu kumtafuta, tatizo letu lilikuwa jina la nisba ni la kabila zima, yaani Salim bin Said bin Salim kwa nisba moja utapata kijiji kizima, inabidi uhesabu mababu watano ndipo uanze kumtofautisha mtu. Tulimpata kwa kaburi la mumewe si kwa karatasi. Nakuombea kaka.

---

Wajina_Moshi:

Wakuu nimetoka Gonja usiku huu. Barua nimeishika mkononi. Karatasi ni ile ya mistari ya daftari imekunjwa mara nne, kwenye mkunjo wino umefutika, pembeni juu kulia ameandika S.L.P., namba, kisha Mwatate, na chini yake tarehe. Nikafungua simu nikalitafuta tena lile tangazo la 2009 la hati iliyopotea. NAMBA NI ILEILE. Tarakimu zote. Miaka thelathini na tatu katikati na sanduku la posta ni lilelile.

Mama alikuwa amekaa ananiangalia akasema nini, nikamwonyesha, akasema sasa umempata. Nikamwambia bado mama, subiri wataalamu.

---

Karani wa Zamani:

Umefanya vizuri kusema bado. Sanduku la posta kwetu mara nyingi si la mtu, ni la shule ya msingi ama la kanisa, na mlima mzima unapokelea barua hapo, mtoto anatumwa na mwalimu anarudi na barua za majirani. Kwa hivyo sanduku kufanana maana yake umepata KIJIJI kwa uhakika, na ndani ya kijiji hicho kuna mtu mwenye majina matatu yale aliyekuwa hai 2009. Wa Wundanyi aliyefariki 1996 hawezi kuwa ndiye aliyepoteza hati 2009, kwa hivyo yeye na wa pili ni watu wawili tofauti. Naona mizani imelala upande wa Mwatate sana sana.

Nimeangalia pia ile hukumu. Namba ya shamba la kesi na la tangazo la 2009 ni maeneo mawili tofauti kabisa, hawahusiani.

Sasa fanya kama alivyokwambia Binti. Soma sehemu ya kwanza ya namba ya shamba, hilo ndilo jina la eneo, kisha uliza naibu chifu wa hapo ni nani. Usianze na shamba unapoongea naye, ukitaja shamba tu simu inakatwa. Anza na reli.

---

BintiWundanyi:

Nimekutumia kwa inboksi ofisi ya kuulizia. Ongea Kiswahili cha pole pole, jitambulishe jina lako lote, wataelewa kwa nini unapiga.

---

mtu_wa_tanga:

Tupe mrejesho mkuu usitutelekeze

---

Wajina_Moshi:

Nimekaa siku tisa bila kuandika, mnisamehe.

Nilipiga kwa naibu chifu. Nikasema shikamoo, naitwa fulani Mwakio, napiga kutoka Moshi. Akasema Mwakio wa Moshi? Nikamweleza, baba alikuwa Kahe, rafiki yake gadi wa treni, Mkatoliki. Kimya. Nikadhani simu imekatika. Akasema mzee wa reli, tunamwita hivyo, huyo tulimzika 2013. Akasema nimpe siku mbili aongee kwanza na familia, kama wakitaka watanipigia wao, namba yangu abaki nayo. Nilimshukuru kwa hilo.

Siku ya tatu jioni ikaingia namba ya Kenya. Mama mtu mzima, binti yake wa kwanza. Nilitaka kumwambia kila kitu kwa mkupuo lakini nikakumbuka maneno ya BintiWundanyi nikajizuia, nikamuuliza tu, mama, kuna picha yoyote hapo nyumbani ya mzee na mtu mwingine wa reli? Akasema ipo sebuleni, imetundikwa tangu tuko watoto, yeye na Mpare wake. Alisema hivyo, Mpare wake. Nikamuuliza nyuma imeandikwa kitu? Akasema hajui, haijawahi kutolewa kwenye fremu. Nikamwomba aitoe. Nikasikia anaita mtu alete kisu cha kuinulia vile vimisumari, nikasikia kioo kinawekwa mezani, watoto wanaulizana kuna nini. Kisha akaanza kusoma, taratibu, kama mtu anayesoma barua ya shule:

"Kahe 1974. Treni imekwama, sisi tumeshiba."

Ndiyo maneno yaliyo nyuma ya yetu. Neno kwa neno, na nilipomtumia picha ya nyuma akasema mwandiko ni wa baba yake, yaani zote mbili aliziandika yeye siku moja.

Barua mbili za baba hazikufika, hawajawahi kuziona. Mzee alikuwa anasema Mpare wake alikufa vitani Uganda ndiyo maana kanyamaza, kuna mtu wa reli alimwambia hivyo, akaamini mpaka anaondoka. Hilo limenikaa vibaya sana. Baba hakwenda vitani, alikuwa Tabora anaandika barua.

Na mirathi hawajaifungua mpaka leo ndiyo maana sikumkuta kwenye matangazo ya marehemu. Ningetafuta waliofariki peke yao nisingempata milele.

Tarehe 14 tunakwenda mimi na mama, mama amesema anakwenda na bakuli. Mwenye kujua njia ya Holili Taveta mpaka Voi hali yake ikoje anisaidie, mama ana miaka 74 na mgongo unamsumbua.

---

SomoWaPemba:

Nimelia. Mfikishie salamu zangu huyo dada yako, maana sasa ni dada yako.

---

Karani wa Zamani:

Lami tupu kutoka Taveta mpaka Voi, mama hataumia. Lakini nyinyi hamfiki Voi, teremkeni Mwatate, ni kabla. Beba pasi ya kusafiria ama hati ya muda na kadi ya chanjo ya homa ya manjano, yako na ya mama, hapo Holili wakikuuliza unakwenda kwa nani una jibu. Na hao watoto wa mzee, wakishafungua mirathi waambie wanitafute hapa, nitawaelekeza bure.

---

BintiWundanyi:

Tarehe 14 mimi niko nyumbani. Mwatate stendi nitawapokea, mtaniona nimevaa leso ya bluu. Mwambie mama nitakuja na gari dogo la kaka, kilima cha kwenda kwao hakipandwi kwa bodaboda na mtu mwenye mgongo.